Hatamu ya Farasi na Kinywa cha Fisi

Hapo zamani za kale, fisi walipokuwa bado wakipiga hodi kabla ya kuingia nyumba za watu, kulikuwa na Farasi mzee aliyekaa na Kindi. Sogeeni karibu, na yule aliyekaa peke yake kule nyuma aje hapa kwa wenzake. Hadithi hii mimi mwenyewe naiogopa, na sitaki kuiogopa peke yangu.

Farasi alikuwa na nguvu za kubeba nyumba, lakini macho yake yalikuwa yameingia ukungu. Akitazama mti, anaona moshi. Kwa hiyo kila asubuhi Kindi alimvalisha hatamu, akampanda shingoni, akashika kamba, wakaenda mtoni kuwachotea majirani maji. Farasi ndiye aliyekuwa miguu, Kindi ndiye aliyekuwa macho.

Na kuvalisha hatamu, wanangu, si kama kumtupia mtu kofia. Msije mkamvamia mnyama wa watu kesho mkasema mimi ndiye niliyewafundisha. Kindi alisimama upande wa kushoto. Alitanguliza kamba shingoni, ili Farasi akisogea, yeye Kindi awe na pa kumshika. Kile chuma cha mdomoni alikipuliza kwanza mpaka kikapata moto, kwa sababu hakuna anayependa kuamshwa na chuma cha baridi ulimini. Halafu aliingiza kidole gumba pembeni mwa kinywa, pale pasipo na meno, akangoja Farasi afungue mwenyewe. Chuma kikikaa sawasawa, pembe za midomo hufanya mikunjo midogo. Kikilegea, kinagonga meno na mnyama anakitafuna. Kikikaza mno, kinamuumiza naye anagoma.

Basi, siku moja Simba, mkuu wa nchi ile, alikuwa akimwoza binti yake. Kijiji kizima kiliondoka alfajiri kwenda arusini. Farasi hakwenda, maana mwiba ulikuwa umemwingia ukwatoni na mguu umevimba. Kindi akabaki kumkanda kwa maji ya moto. Jua likapanda. Kijiji kikawa kimya kabisa, hata jogoo hawakuwika, kwa kuwa nao walikuwa arusini.

Ndipo sauti ikasikika mlangoni.

"Hodi."

Kitambaa kikamdondoka Kindi mkononi. Sauti ile aliijua. Ilikuwa sauti yenye mate ndani yake.

"Hodi wenyewe," ikasema tena, kwa upole.

Kindi alitaka kumziba Farasi mdomo, lakini alichelewa. Farasi haoni, na tena alikuwa amelelewa na watu wenye adabu. Mtu akipiga hodi kwake, haachwi nje.

"Karibu," akasema Farasi.

Mlango ukasukumwa, kriii, na aliyeingia alikuwa Fisi.

Mabega juu, makalio chini, na harufu ikimtangulia. Msimu uliopita aliingia kwa Mama Mbuzi wakati mama mwenyewe yuko kisimani. Mama Mbuzi aliporudi, kwa watoto wake hakukuta kitu ila kengele waliyokuwa wakiichezea. Tangu siku hiyo watu walisema kwamba Fisi lazima akamatwe, na kila mtu alimtazama mwenzake. Nani angemshika? Kinywa kile kilikuwa kikivunja paja la ng'ombe kama wewe unavyovunja muwa.

"Ahsante kwa kunikaribisha," akasema Fisi. "Nimepiga hodi nyumba zote, na hii tu ndiyo iliyoitika. Watu wamekwenda wapi?"

"Arusini kwa Simba," akajibu Farasi. Sasa alikuwa ameipata ile harufu.

"Aa, arusini. Mimi sikualikwa. Mimi sialikwi popote." Fisi akaketi pale pale kizingitini, akaujaza mlango wote. "Basi karamu yangu nitaifanyia hapa. Usisimame, mzee, mguu unakuuma. Nitakufuata hapo hapo ulipo. Na wewe kidude, wewe nitakuweka wa mwisho, wa kusafishia meno."

Juu ya kichwa cha Kindi kulikuwa na tundu kwenye paa. Kuruka mara moja tu, fyuu, angekuwa juu ya mti na Fisi asingempata. Nisiwadanganye, alilitazama lile tundu. Alilitazama kwa muda. Halafu akamtazama Farasi, aliyekuwa amegeuza uso upande usio na Fisi akidhani ndiko Fisi aliko. Kindi akashindwa kuruka.

Fisi alikuwa ameiona hatamu iliyotundikwa ukutani. Akainusa. Akaulamba ukanda mmoja, akauweka katika pembe ya mdomo, akaanza kuutafuna polepole.

"Ngozi ya ng'ombe hii," akasema. "Tamu. Ina chumvi ya jasho."

"Usiitafune hiyo, Bwana Mkubwa," akasema Kindi. Sauti ilimtoka nyembamba, na yeye mwenyewe hakuwa na hakika kama ni yake. "Hiyo ndiyo ya kuingilia arusini."

Fisi akaacha kutafuna. "Kuingiliaje?"

"Mlangoni kwa Simba wamemweka Kifaru. Na Kifaru, unamjua, haoni mbali zaidi ya pua yake. Yeye anatazama hatamu. Mwenye hatamu ni Farasi, na Farasi amealikwa. Ukiivaa wewe, nami nikakaa shingoni kama kawaida, nani atakuzuia? Ng'ombe wamechinjwa tangu juzi. Mifupa imelundikwa nyuma ya jiko hadi inafika dirishani, na hakuna anayeihesabu kitu."

Mate yakamtoka Fisi yakadondoka sakafuni, to, to, to. Akawaza. Mtu mwenye tamaa akiwaza, wanangu, hawazi kama inawezekana. Anawaza ataanza na upande gani wa lundo.

"Na huyu je?" akauliza, akimwonyesha Farasi kwa kidevu.

"Na mguu ule atakwenda wapi? Ukirudi utamkuta."

"Kindi," akasema Farasi.

Alisema jina tu, basi. Kindi angejibu nini mbele ya Fisi? Alipanda ukutani akaitungua hatamu.

"Kindi, hiyo ni hatamu yangu. Unampa huyu?"

"Nyamaza, mzee," akasema Kindi kwa ukali. "Wewe kaa hapo usubiri."

Farasi akainamisha kichwa.

"Nimekupenda, kidude," akasema Fisi. "Una akili ya kuishi. Nivalishe. Lakini ukinichezea, nitafumba kinywa mkono wako ukiwa ndani."

Kindi akasimama upande wa kushoto. Akatanguliza kamba shingoni, kama kila asubuhi. Akachota samli kwenye chungu, akakipaka kile chuma, akakipuliza. Pumzi yake ilikuwa fupi, ikabidi apulize mara nyingi. Kisha akaingiza mkono.

Kinywa cha Fisi kilikuwa na joto. Farasi ana pengo pana kati ya meno ya mbele na magego, mkono mzima unapita. Fisi hana pengo la namna hiyo. Kindi akapapasa nyuma ya lile chonge refu, akipita juu ya jino, na jino, na jino jingine, huku akiomba Mungu. Vidole vikafika mahali padogo penye ufizi mtupu.

Mara meno yakashuka juu ya mkono wake. Hayakukata. Yalilala tu pale, mazito.

Kindi akakauka. Aliwaza mambo mengi, na moja lilikuwa kwamba Farasi atamsikia akifa na atadhani amestahili.

Meno yakainuka.

"Nilikuwa naonja tu," akasema Fisi, akacheka. "Endelea."

Kindi akakisukuma chuma ndani. Samli ikamgusa Fisi ulimi, akakipokea kwa furaha. Lakini kichwa chake kilikuwa kifupi kuliko cha Farasi. Kanda za mashavuni zilining'inia, na chuma kikagonga meno, kling, kling. Fisi akaanza kukisukumasukuma kwa ulimi kuelekea kwenye magego. Kindi akajua kwamba kikifika huko kitatafunwa, na hatamu yote itafuata, na yeye baada ya hatamu. Akapandisha ukanda hadi tundu la mwisho. Kling. Bado.

"Mbona unakawia?" akauliza Fisi.

"Natoboa tundu jipya, Bwana Mkubwa. Kichwa chako kizuri, lakini kimeumbwa kivyake."

Akatia meno yake katika ngozi. Kru, kru, kru. Kutafuna ndiyo kazi aliyozaliwa nayo, lakini siku ile hakutafuna ovyo. Alipima kwanza kwa jicho, maana tundu likikosea kidogo tu juu, Fisi angeumia na kushtuka kabla ya wakati. Akatoboa upande huu, akatoboa na upande wa pili. Akafunga. Pembe za mdomo wa Fisi zikafanya mikunjo midogo, na kling ikanyamaza.

Akapitisha masikio ya Fisi ya mviringo katika ukanda wa kichwani, moja, kisha la pili. Akafunga ukanda wa koo. Kwa Farasi huuacha ulegee apate kupumua. Kwa huyu aliuvuta zaidi, ili asiuvue kwa kujikuna.

Ukabaki ukanda mmoja, ule unaozunguka pua.

"Na huu ni wa nini?" Fisi akauliza. Jicho lake lilikuwa limesogea pembeni kabisa, likimtazama.

"Wa urembo. Farasi huuvaa arusini." Kindi akaushika ukanda. "Ila, Bwana Mkubwa, uniwie radhi kwa ninalosema. Wewe unatembea kinywa wazi. Ulimi uko nje, mate yanadondoka. Farasi ni mtu wa heshima, akienda arusini hufumba kinywa. Kifaru haoni, lakini mate akiyasikia yakidondoka mguuni pake, tumekwisha."

Fisi akaona haya. Akauvuta ulimi ndani, akafumba kinywa vizuri, akainua pua juu kama anavyodhani waungwana hufanya.

"Hivyo hivyo," akasema Kindi.

Akavuta ukanda kwa nguvu zake zote, miguu miwili ikikanyaga taya la Fisi, na bizimu ikajifunga: ka.

Kwa Farasi huacha nafasi ya vidole viwili. Kwa Fisi hakuacha hata nafasi ya unywele.

"Mmm," akasema Fisi. "Umekaza."

"Ni mpya tu kwako. Utazoea njiani. Twende, pilau isije ikapoa."

Akaruka shingoni, akashika kamba mbili, wakatoka. Kindi hakugeuka kumtazama Farasi. Alijua kwamba akimtazama atalia, na Fisi angeuliza analilia nini.

Walipita kisimani, wakapita nyumba zote zilizofungwa. Kindi alihesabu hatua moyoni akashindwa, kwa sababu moyo wenyewe ulikuwa ukipiga kelele. Walipofika kwenye shamba la mtama, Fisi akasimama.

"Mmm. Nimewaza," akasema kupitia kwenye meno. "Karamu haikimbii. Kwanza nirudi nimle Farasi. Arusini nitakwenda baadaye."

Akageuka kweli. Paa la nyumba ya Farasi lilikuwa bado linaonekana nyuma ya miti, na Fisi akaanza kukimbia kuelekea huko kwa ule mwendo wake wa kuchechemea, haraka kuliko unavyofikiri. Kindi akavuta kamba ya kushoto. Alivuta kwa mikono, kwa mgongo, kwa woga wote aliokuwa nao. Chuma kikaminya pale pale palipokunjika mdomo, kichwa kikafuata chuma, mwili ukafuata kichwa, na Fisi akajikuta akizunguka mtama kama ng'ombe wa kukamua mafuta.

"Unanivutia nini?" Fisi akanguruma, na manyoya ya mgongo yakasimama yakamchoma Kindi miguuni. Kindi akaona wazi kinachofuata. Fisi akijilaza chini abingirike mara moja tu, yeye atakuwa chapati.

"Nakuokoa, Bwana Mkubwa," akasema. "Kifaru haoni, lakini ananusa. Ukifika mlangoni unanuka damu ya Farasi, atajuaje kwamba Farasi ni wewe? Njaa ipeleke arusini nzima. Farasi hana miguu ya kukimbia."

Fisi akasimama akihema kwa pua. Upepo ukaleta harufu ya nyama ya kuchoma kutoka kwa Simba. Ilikuwa kidogo tu, ya kutia wazimu.

"Kweli," akasema. "Njaa nzima ni bora." Akageuza njia mwenyewe, na Kindi akagundua kwamba ameuma midomo yake hadi imetoka damu.

Mlangoni Kifaru alikuwa amesimama na rungu.

"Nani?"

"Farasi, na Kindi wake."

Kifaru akanyoosha shingo, akaigusa hatamu kwa pembe, akaitambua. Halafu akanusa, akarudi nyuma.

"Farasi, leo unanuka vibaya."

"Mguu wake umetunga usaha," akasema Kindi.

"Pole, ndugu yangu. Pita ukale, utapata nafuu."

Fisi akapita pua juu, akitetemeka kwa furaha. Na kweli nyuma ya jiko palikuwa na lile lundo, mifupa yenye uboho, bado ina moto. Kwa hilo Kindi hakuwa amesema uongo. Fisi akaruka, akaifikia, akataka kupanua kinywa.

Kinywa hakikufunguka.

Akajaribu tena. Akasukuma mfupa kwa pua, akaugonga kwa kidevu, akalia, ng'wiii, kwa puani. Hapo ndipo alipoelewa, na jicho lake likageuka polepole likamtafuta Kindi. Wanangu, jicho lile msiombe likutane nanyi. Kindi alikuwa ameshatupa kamba kuzunguka nguzo ya jiko na anafunga fundo, na vidole vilikuwa vikiteleza kwa jasho.

Ngoma ikakatika. Waliomwona Fisi walikimbia, wakakanyaga masinia, wengine wakapanda juu ya paa. Kindi akataka kupiga kelele, "Njooni, amefungwa," lakini sauti haikutoka. Yote ilikuwa imekwisha njiani. Fisi akavuta, nguzo ikalia, fundo likaanza kulegea. Kindi akaishika ncha ya kamba kwa meno, akabaki ananing'inia.

Mtu mmoja tu hakukimbia. Mama Mbuzi alikuja polepole katikati ya uwanja, akasimama mbele ya Fisi, akamtazama mdomoni.

"Amefungwa," akasema. Akaichukua kamba kutoka katika meno ya Kindi, akaizungusha kwenye nguzo, na tena, na tena. Kisha akaketi chini na kulia kwa sauti.

Baada ya hapo wote wakarudi, na kila mmoja akawa shujaa, mnawajua watu. Simba mwenyewe akaja na kanzu yake ya arusi.

"Nani amemleta huyu?" akauliza.

"Amejileta," akasema Kindi. "Mimi nimeshika kamba tu."

Fisi aliachwa pale nguzoni, mbele ya mifupa, mpaka karamu ilipokwisha na mfupa wa mwisho ukazikwa. Kisha Nyati na wanawe wakamvuta kwa kamba kuvuka vilima, mbali, wakamkatia hatamu huko na kumwambia kwamba akionekana tena hatapewa nafasi ya kupiga hodi. Pembe za midomo yake zilibaki zimevutika hadi leo, na wasiojua husema anacheka.

Lakini Kindi hakungoja kuona hayo. Alirudi mbio nyumbani, akamkuta Farasi amesimama kwa miguu mitatu, uso ukutani.

"Nani?" akauliza Farasi.

"Ni mimi. Amekamatwa. Ile hatamu ndiyo iliyomfunga kinywa. Sikuweza kukwambia, mzee, alikuwa akisikia."

Farasi akageuza uso kutoka ukutani.

"Fisi aliposema atanila, niliogopa sana," akasema. "Lakini wewe uliponiambia nisubiri, nilitamani anile upesi."

Kindi akapanda shingoni kwake, akamkumbatia kichwa, akalia kwa woga wote aliokuwa ameuzuia tangu asubuhi, na Farasi akasimama amwache alie.

Hadithi yangu imefika mwisho, na funzo lake ndilo hili: mwenye tamaa, ukimtajia karamu, atafumba kinywa mwenyewe ili umfunge.